Plamedi: jina la mtoto wetu linasema nini?

Kila mwezi wa tisa masomo yanapoanza, sisi walimu tuna kazi moja ambayo wazazi hawaioni: kusoma majina ya watoto kwa sauti kwa mara ya kwanza. Ilunga, Kabwe, Mwamba, hayo hayatupi shida, midomo yetu imeyazoea tangu utoto. Shida inaanza tunapofika kwenye jina la ubatizo, lile tunaloita prenomu. Hapo tunakuta Glodi, Merdi, Gradi, na mwaka huu tumekuta Plamedi wawili katika shule moja: mvulana wa darasa la sita na msichana wa darasa la pili.

Mvulana alipoitika, mwenzake mmoja nyuma ya darasa akacheka: "Ile ni jina ya mwanamuke!" Mtoto akainamisha kichwa. Tukamwuliza polepole jina lake lina maana gani. Hakujua. Ana miaka 11, anaitwa hivyo asubuhi na jioni, na hakuna mtu aliyewahi kumwambia.

Basi tukaandika ubaoni, kwa Kifaransa, maneno matatu: plan, merveilleux, Dieu. Tukapiga mstari chini ya herufi za mwanzo za kila neno: pla, me, di. Mpango wa ajabu wa Mungu. Darasa likanyamaza. Yule aliyecheka akainua mkono kuuliza kama jina lake naye lina kitu ndani. (Lina kitu, naye tulimweleza, lakini tungeandika majina yote gazeti lisingetosha.)

Mama yake tunamfahamu, ni mwenzetu wa likelemba. Sisi wote tunamwita Mama Plamedi, wala wengi wetu hatujui jina alilopewa na wazazi wake. Ndivyo ilivyo kwetu: ukizaa, jina la mtoto linakuwa lako pia, hata sokoni. Tulipomsimulia yaliyotokea darasani alikaa kimya kidogo, kisha akatueleza jambo ambalo hatukuwahi kulisikia kwake. Kabla ya mtoto huyu alipoteza mimba mbili. Ya pili ilikuwa na miezi saba. Watu wa mtaa walianza kusema, na ninyi mnajua watu wa mtaa wanavyosema juu ya mwanamke anayerudi kutoka matereniti mikono mitupu. Mimba ya tatu aliificha chini ya kitenge mpaka haikufichika tena. Mtoto alitoka kwa operesheni, usiku, mvua inanyesha. Mdogo wake, ambaye alikuwa anaimba kwaya, ndiye alimwambia: dada, huyu usimwite jina la mtu, mwite hivi.

Babu wa mtoto hakukubali. Aliuliza swali moja tu: "Ile jina ni ya nani? Mu jamaa yetu nani aliitwaka vile?" Kwa babu, jina ni la mtu. Mtoto anapewa jina la babu, la bibi, la shangazi aliyefariki, na hapo anakuwa ndoyi wake. Anarithi heshima yake na wakati mwingine hata tabia. Jina lisilo na mwenyewe, kwake, ni kama nyumba isiyo na msingi. Walipatana hivi: babu akatoa jina na postinomu kutoka upande wake, mama akabaki na prenomu.

Tunamwelewa babu. Lakini tunafikiri amesahau kitu kimoja. Wazee wetu hawakuwa na majina ya watu tu. Walikuwa pia na majina ya habari. Kwa Waluba wa Kasai, ukisikia Mbuyi na Kabanga unajua ni mapacha, na unajua nani alitangulia na nani alifuata. Ukisikia Mujinga unajua mtoto alikuja na kitovu kimezunguka shingo. Jina lilikuwa linasimulia siku ile: mtoto alikujaje, mama alipitia nini. Wenzetu wa Kivu wanafanya vivyo hivyo kwa Kiswahili: Bahati, Shukuru, Riziki, Tabu, Machozi. Yule dada wa kwaya alifanya kazi ile ile ya wazee, ila alitumia Kifaransa cha kanisani.

Kwa nini Kifaransa, na kwa nini kukatakata maneno? Hapo inatubidi turudi nyuma kidogo.

Kabla ya mwaka 1972 wazee wetu walikuwa na majina ya watakatifu: Joseph, Albertine, Boniface. Wakati huo hata mahali tunapokaa palikuwa na jina lingine. Mji uliitwa Elisabethville mpaka mwaka 1966, kwa jina la malkia wa Ubelgiji, na komini yetu ya Kamalondo iliitwa Albert, jina la mume wake. Tarehe 27 mwezi wa kumi 1971 nchi ikawa Zaire. Mwanzoni mwa 1972 Rais akaacha Joseph-Désiré akawa Mobutu Sese Seko, na kila raia akatakiwa aache jina la kigeni. Padri aliyembatiza mtoto kwa jina la Ulaya alitishiwa kifungo. Kardinali Malula wa Kinshasa alipinga, akalazimika kukaa Roma miezi kadhaa. Ndipo ikaja postinomu, ili kujaza pengo. Kwa hiyo ukitazama karatasi za wazazi wetu wengi utakuta majina mawili ya asili na basi. Yale ya ubatizo yalibaki nyumbani, yakiitwa kwa sauti ya chini.

Tunatabasamu kidogo tunapokumbuka kwamba Désiré, jina aliloliacha Rais, maana yake ni mtoto aliyetamaniwa. Kumbe naye mama yake alikuwa na habari ya kusimulia.

Mwezi wa nne 1990 Mobutu alitangaza mwisho wa chama kimoja, na prenomu zikarudi. Lakini hazikurudi zile zile. Makanisa ya uamsho yalikuwa yanajaa, maisha yalikuwa yanazidi kuwa magumu, na kila mtoto aliyevuka mwaka wa kwanza alionekana kama muujiza. Wazazi hawakufungua tena kalenda ya watakatifu. Walichukua sentensi nzima ya sala wakaipa mtoto. Exaucé, sala imesikilizwa. Héritier, mrithi. Gloire. Merveille. Dieumerci. Wengine walikuwa wameshaanza mapema, kimyakimya: Dieumerci Mbokani, aliyekuja kuchezea Mazembe yetu, alizaliwa Kinshasa mwaka 1985, na Trésor Mputu, yaani Hazina, ni wa mwaka huo huo. Nani hapa Kamalondo hakusikia majina hayo yakiimbwa na uwanja mzima? Tunadhani mpira nao umesaidia kuyafanya yawe majina ya wanaume wenye nguvu, maana mwanzoni watu waliona Merveille ni jina la msichana, mpaka Merveille Bokadi alipovaa jezi nyeusi na nyeupe.

Kisha ukaja mtindo wa kufupisha. Gloire à Dieu ikawa Glodi. Merci Dieu ikawa Merdi. Grâce de Dieu ikawa Gradi. Ile "di" ya mwisho ni Dieu aliyekatwa mkia. Wasomi wengine wanacheka, wanasema haya si majina, ni vipande vya maneno. Sisi tunawaomba wafungue majina ya zamani waone. Yohana ni sentensi ya Kiebrania iliyofupishwa: Mungu ametenda neema. Danieli: Mungu ni mwamuzi wangu. Mikaeli ni swali: nani aliye kama Mungu? Ile "eli" ya mwisho ni Mungu, sawasawa na "di" yetu. Mtoto anayeitwa Gradi na babu yake anayeitwa Jean wana jina moja, mmoja kwa Kiebrania kilichopita Ulaya, mwingine kwa Kifaransa kilichopita Lubumbashi. Hata Waingereza wa miaka ya 1600 walikuwa na mtu aliyeitwa Praise-God Barebone, yaani Msifu-Mungu, na bunge la mwaka 1653 likapewa jina lake kwa mzaha. Hakuna aliyesema si jina.

Na yale maneno "mpango wa ajabu"? Hayakuzaliwa Kamalondo. Mwaka 1951 mhubiri mmoja wa Marekani, Bill Bright, alianzisha chama cha injili katika vyuo vikuu, na kijitabu chake cha mahubiri, ambacho kimetafsiriwa katika lugha nyingi, kinaanza na wazo hilo hilo: Mungu anakupenda na ana mpango mzuri ajabu juu ya maisha yako. Lakini kuyabana maneno hayo katika silabi tatu na kumwita mtoto aje ale bugali, hiyo ni kazi yetu Wakongo.

Kuhusu mvulana au msichana: jina halina upande. Mpango ni mpango. Wazazi wengine wanaongeza "e" mwishoni kwa msichana, Plamedie, wakifuata desturi ya Kifaransa, na hapo ndipo tunafika kwenye jambo lililotufanya tuandike makala haya.

Mtoto wa darasa la sita anajiandaa kwa mtihani wa taifa wa kumaliza shule ya msingi, na majina lazima yapelekwe kwenye orodha kama yalivyo katika hati ya kuzaliwa. Tukamwomba Mama Plamedi alete karatasi zake. Alileta bahasha nzima. Karatasi ya matereniti: Plamedie, na "e", kama msichana. Kadi ya chanjo: Plamedi. Daftari la shule tangu darasa la kwanza: Plamedi. Hati ya kuzaliwa ya komini, yenye muhuri: Plamedy, na "y". Mtoto mmoja, majina matatu. "Mwalimu," akatuambia, "mi nilisema tu kwa mdomo. Walioandika ni wao."

Hapa sheria haina huruma, na ni vizuri wamama wote waijue. Sheria ya Familia ya tarehe 1 mwezi wa nane 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inasema majina, mpangilio wake na jinsi yanavyoandikwa havibadiliki tena vikishatangazwa kwenye daftari la raia. Anayetaka kubadili, hata herufi moja, anakwenda mahakamani na kuonyesha sababu ya haki. Sheria hiyo hiyo inataka majina yatoke katika urithi wa utamaduni wetu wa Kongo, na inakataza jina la matusi au la kumdhalilisha mtoto. Tunaowaita Merdi, jina zuri la shukrani, wajue kwamba sikio la Mfaransa linasikia karibu sana na neno chafu. Hatusemi waliache. Tunasema wafikirie siku mtoto atakaposoma Brussels.

Tena, wamama wengi wanachanganya karatasi mbili. Ile ya matereniti inashuhudia tu kwamba mtoto alizaliwa pale. Hati yenyewe inatoka komini, na mzazi ana siku 90 tangu mtoto azaliwe za kwenda kumwandikisha. Zikipita, ni hukumu ya mahakama, na hukumu ina safari zake na gharama zake. Siku hiyo ya kwenda usiende na jina kichwani tu. Liandike kwenye kipande cha karatasi kwa herufi kubwa, mpe anayeandika, na kabla ya kuondoka soma alichoandika, herufi kwa herufi. Kama hujui kusoma vizuri, nenda na mtoto wa jirani anayesoma, si aibu.

Tulimweleza Mama Plamedi njia mbili: aende mahakamani kutafuta "i" yake, au shule ifuate hati, na kila kitu kuanzia sasa kiandikwe na "y". Alitokwa na machozi. Sisi, kusema kweli, tuliona ni herufi tu. Yeye akatuambia: "Mu ile 'di' muko Mungu. Mu 'dy' muko nini?" Hatukuwa na jibu. Tulimwambia tu kwamba sauti ni ile ile, na kwamba mtihani hautangoji.

Amechagua "y" kwa sababu ya mtihani. Orodha imeshakwenda. Mahakama, anasema, ataitazama likelemba itakapomfikia, mwezi wa tatu.

Jioni ile ile alimkalisha mtoto wake akamsimulia zile mimba mbili na ule usiku wa mvua. Babu alikuwepo, alisikiliza mpaka mwisho bila kusema neno, na kesho yake alimtuma mtoto dukani akimwita kwa prenomu, mara ya kwanza. Darasani sasa mvulana anaandika jina lake juu ya kila daftari na "y" kama tulivyomwagiza. Ndani, kwenye ukurasa wa kwanza, ameliandika tena kwa kalamu nyekundu, na "i".