Ermanno Olmi na Mti wa Mitalawanda

Waliokuwa ukumbini siku mlezi wetu wa Chama cha Kiswahili alipotuonyesha filamu ya Kiitaliano ya saa tatu watakumbuka jinsi wengi walivyoanza kusinzia mapema. "Hakuna ngumi, hakuna magari, hakuna hata mwigizaji mmoja!" alinung'unika rafiki yangu sikioni. Nami nakiri kuwa mwanzoni nilimuunga mkono. Lakini ilipokwisha, sikuweza kuinuka kitini mara moja. Ndiposa nimeshika kalamu niwaeleze huyo Ermanno Olmi alikuwa nani, na kwa nini sinema zake ziko vile.

Olmi alizaliwa mwaka wa 1931 katika eneo la Bergamo, kaskazini mwa Italia. Ukoo wake ulikuwa wa wakulima, ingawa baba alifanya kazi ya reli. Baba huyo alifariki wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, na kijana akaacha masomo kabla ya kuyamaliza. Akapata ukarani katika kampuni ya umeme ya Edison mjini Milan, alikofanya kazi mama yake pia. Kampuni ilitaka picha za mabwawa yake na wafanyakazi wake, basi Olmi akapewa kamera. Katika miaka ya hamsini alitengeneza filamu fupi kama 40 hivi za watu wakiwa kazini. Mwaka wa 1959 moja ya hizo ilirefuka mikononi mwake ikawa hadithi kamili, ya mlinzi wa bwawa na kijana mwanafunzi waliofungiwa pamoja na theluji mlimani.

Mwaka wa 1961 akatoa Il posto, yaani "nafasi ya kazi". Sisi wa Kidato cha Nne tungefaa kuitazama hii kabla hatujatoka hapa. Kijana Domenico anakwenda Milan kufanyiwa mtihani wa kuajiriwa na kampuni kubwa. Anapewa hesabu, anaulizwa maswali ya ajabu ajabu, anaamrishwa kuchuchumaa na kusimama. Anafaulu, lakini wapi! Nafasi ya karani haipo, basi anafanywa msaidizi wa tarishi. Siku karani mmoja anapokufa, Domenico anapewa meza yake. Makarani wakongwe wanalalamika, kila mmoja anasogea mbele hatua moja, na kijana anaishia kwenye meza ya nyuma kabisa, penye giza. Nilicheka, kisha kicheko kikanikauka. Olmi aliipiga picha hiyo katika ofisi za mwajiri wake mwenyewe!

Baadaye alifanya kazi nyingi za televisheni kwa RAI, shirika la utangazaji la taifa. Ni RAI hiyo hiyo iliyogharimia ile filamu tuliyoiona, L'albero degli zoccoli, ya mwaka wa 1978. Zoccoli ni viatu vya mti, ambavyo watu wa Pwani huviita mitalawanda.

Hadithi inatokea mwishoni mwa karne ya 19. Familia nne zinaishi katika nyumba moja ya shambani. Nyumba, ardhi, miti na sehemu ya mifugo ni mali ya mwenye shamba, naye huchukua theluthi mbili za mavuno. Padri anamshauri mkulima Batistì ampeleke mwanawe Minek shuleni. Jambo geni kabisa kwa watu kama wao. Kijana anatembea mwendo mrefu kila siku, hadi kiatu chake kinapasuka. Usiku baba anajiiba, anakata mti mmoja wa tajiri, na kuchonga kiatu kipya kimyakimya. Tajiri anakiona kisiki. Batistì, mkewe na watoto wanafukuzwa, wanapakia vitu vyao mkokotenini, na majirani wanachungulia tu kutoka ndani. Mkokoteni ukiisha kuondoka ndipo wanatoka nje.

Hao "wasio waigizaji" walikuwa wakulima halisi wa Bergamo, wakisema lugha yao ya nyumbani. Kumbe Waitaliano wengi hawaielewi, ikabidi pawe na toleo jingine la Kiitaliano! Olmi mwenyewe aliandika, akapiga picha na kuhariri. Mwaka huo huo akashinda Mtende wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Cannes.

Baada ya filamu tulibishana vikali. Wenzangu waliuliza, mbona majirani hawakupigana? Hata Italia kwenyewe wahakiki kadhaa walimlaumu Olmi kwamba wakulima wake ni wanyonge mno. Mimi sikubali. Tazameni tena pale mnadani: mtu anahutubia umma kuhusu haki, na mkulima mmoja hasikii neno, macho yako kwenye sarafu ya dhahabu aliyoiona chini. Tazameni maharusi wanaokwenda Milan, wanapopishana na watu waliofungwa minyororo wakiongozwa na askari, nao hawaelewi kuna nini. Olmi aliiona hasira ya wakati ule, ila hakuwatia wahusika wake maneno ambayo bado hawakuwa nayo. Na mtu anayejua kuwa kesho atafukuzwa yeye, kwani atatoka nje kwa urahisi?

Miaka ya themanini aliugua sana, lakini alirudi, na mwaka wa 1988 akapata Simba wa Dhahabu huko Venice. Mwaka wa 2011, akiwa na miaka 80, alitoa Il villaggio di cartone. Kanisa linafungwa, sanamu zinateremshwa, padri mzee anabaki peke yake kwenye viti vitupu. Usiku Waafrika waliovuka bahari wanaingia kujificha humo, wakijijengea vibanda vya maboksi kati ya viti. Serikali inawatafuta. Safari hii yule mzee hakuchungulia dirishani; aliwapokea. Olmi aliaga dunia mwezi wa Mei mwaka wa 2018, huko Asiago, na mlezi ameahidi kutuletea filamu hiyo muhula ujao, kwa sharti kwamba hakuna atakayelala.