Krystyna Janda: Shahidi Aliyenyamazishwa Miaka Saba

Kwetu sisi Waislamu ushahidi si jambo la mchezo. Kushuhudia uongo ni katika madhambi makubwa, na mwenye kuuficha ushahidi alio nao, naye hana salama. Kwa hivyo kisa cha Bibi Krystyna Janda, mchezaji sinema wa Poland, chafaa kusimuliwa, ingawa kwao ni mbali na dini yake siyo yetu.

Bibi huyu alizaliwa tarehe 18 Desemba 1952 katika mji wa Starachowice. Alisomea uigizaji katika chuo cha serikali mjini Warsaw, akahitimu mwaka 1975. Jina lake lilivuma mwaka 1977 alipocheza katika "Człowiek z marmuru", yaani Mtu wa Marumaru, picha ya bingwa Andrzej Wajda. Humo yeye ni Agnieszka, mwanafunzi anayetafuta habari za mwashi mmoja aliyetukuzwa na serikali katika miaka ya 1950, kisha akatupwa na kusahauliwa. Wakubwa wanamnyang'anya kamera, lakini haachi kuuliza. Mwaka 1981 ikafuata "Człowiek z żelaza", Mtu wa Chuma, juu ya mgomo wa waunda meli wa Gdańsk. Picha hiyo ilipata tuzo kuu ya tamasha la Cannes, Ufaransa.

Mtihani wenyewe ulikuwa bado. Tarehe 13 Desemba 1981 serikali ya Kikomunisti ilitangaza utawala wa kijeshi, na wapinzani wengi wakatiwa ndani. Chini ya utawala huo, mwaka 1982, ikakamilika picha ya Ryszard Bugajski iitwayo "Przesłuchanie", maana yake Mahojiano. Bibi Janda ndiye Tonia, mwimbaji wa vilabuni anayekamatwa mwaka 1951, zama za Stalin, pasipo kuambiwa kosa lake. Wapelelezi wanamtaka jambo moja tu: atie sahihi ushahidi wa uongo dhidi ya mtu anayemjua. Wanampiga, wanamtukana, wanamfungia katika chumba kinachojazwa maji. Tonia si mwanasiasa wala si mtawa. Ni mwanamke wa kawaida aliyependa raha zake. Lakini sahihi hiyo haitii.

Wakubwa walipoiona picha hiyo waliipiga marufuku. Wala si ajabu, kwani mambo ya 1951 yalifanana mno na waliyokuwa wakiyatenda wao. Basi yule Tonia aliyekataa kusema uongo, naye akakatazwa kusema kweli. Bugajski alihamia Canada mwaka 1985. Hata hivyo picha haikufa, kwani watu walinakili kaseti za vidio kwa siri, zikapita mkono kwa mkono, wakaitazama majumbani mwao milango imefungwa.

Mwaka 1989 utawala wa Kikomunisti ukaanguka, na picha ikaonyeshwa hadharani. Mwaka 1990 Bibi Janda alipewa tuzo ya mchezaji bora wa kike huko Cannes, kwa kazi aliyoimaliza miaka 8 nyuma.

Hakukaa akala sifa. Mwaka 2005 yeye na mumewe, mpiga picha za sinema Edward Kłosiński, walifungua ukumbi wa michezo ya kuigiza mjini Warsaw, katika jengo lililokuwa sinema ya zamani, nao ukaitwa Teatr Polonia. Mwaka 2008 mumewe akafariki. Mwaka uliofuata, katika picha ya Wajda iitwayo "Tatarak", Bibi Janda alikaa mbele ya kamera akausimulia ugonjwa wa mumewe na kifo chake kama yalivyokuwa. Safari hii hakuwa Agnieszka wala Tonia. Alikuwa mjane akitoa ushahidi wa nafsi yake.

Wahenga walinena kwamba njia ya mwongo ni fupi. Kwa Wapoland ilichukua miaka 7, na kwa waliokuwa wakingoja, hiyo haikuwa fupi. Lakini walioifungia picha hiyo wamekwisha ondoka madarakani, nayo ingali ikitazamwa.