Amekamatwa na hajulikani aliko: ushahidi wa kupeleka mahakamani

Kifungu cha 49 cha Katiba ya Kenya kinaagiza kwamba mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani upesi iwezekanavyo, kabla ya saa 24 kupita. Saa hizo zikiisha wakati mahakama imefungwa, afikishwe siku inayofuata ya kazi ya mahakama.

Muda huo ukipita na jamaa hawajui aliko, wanaweza kuiomba Mahakama Kuu itoe amri ya habeas corpus. Amri hii humtaka anayemzuilia mtu amlete mbele ya jaji na aeleze sababu ya kumzuilia. Kwa mujibu wa Kifungu cha 25, haki hii haiwezi kuwekewa mipaka.

Jaji atataka kujua kwanza: ni nani anayemzuilia? Kusema kwamba mtu ametoweka hakutoshi. Ni lazima kuwe na ushahidi kwamba yuko mikononi mwa wale wanaolalamikiwa. Ukionyesha kwamba maafisa walimchukua, wao ndio watatakiwa kueleza yuko wapi.

Kusanya yafuatayo:

• Hati ya kiapo ya mtu aliyeshuhudia. Itaje tarehe, saa, mahali, mavazi ya waliomchukua, maneno waliyosema na nambari ya gari. Shahidi aeleze aliyoyaona mwenyewe. Kama aliambiwa, amtaje aliyemwambia.

• Nambari ya OB kutoka kila kituo cha polisi mlikomtafuta. Andika pia siku mliyofika na jina la afisa aliyewahudumia.

• Nakala ya kitambulisho chake na picha ya hivi karibuni.

• Jumbe na orodha ya simu zake za mwisho, bila kufuta chochote.

• Video za kamera za usalama. Mwombe mwenye duka azihifadhi siku hiyo hiyo, kwa sababu rekodi mpya hufuta za zamani.

• Nakala za barua mlizoandikia polisi na majibu yake.

Kifungu cha 22 kinaruhusu mtu mwingine kufungua kesi kwa niaba ya aliyezuiliwa, na hakuna ada ya kuifungua. Asiye na wakili anaweza kuanza hata kwa barua katika masjala ya Mahakama Kuu.

Anza kuandika leo. Nambari ya gari husahaulika haraka, na shahidi wa leo huenda kesho akawa amesafiri.