Waliosimama Peupe

Ukuta wenyewe uko Sombetini, Arusha, si mbali na Mbauda, na ni wa saluni ya chumba kimoja. Fundi alikuwa ameupaka wote rangi nyeupe, kisha juu yake akamchora mwanamke: uso, shingo, mikono miwili, na kichwa chenye twende kilioni, kila msuko na mstari wake. Gauni hakulichora. Shingo ilikatika pale kola ingeanza, mikono ikachomoza kutoka mahali pasipo na kitu. Hata hivyo gauni lilionekana. Ungeweza hata kukisia kwamba lina mikono mifupi, na kwamba limembana kidogo kwapani.

Fundi alipoulizwa, hakuwa na falsafa yoyote. Rangi nyekundu ilikuwa imeisha, na mwenye saluni alikuwa hajatoa hela ya kopo jingine. Alianza na kichwa kwa sababu saluni inauza kichwa. Nguo ingesubiri.

Jambo dogo, lakini lilimganda mwandishi wa makala haya kwa wiki nzima, kwa sababu yuko Mtanzania ambaye kile ambacho fundi alikiacha kwa kukosa kopo, yeye hukiacha kwa makusudi, na kazi zake zimefika mbali kwa ajili hiyo.

Sungi Mlengeya alizaliwa mwaka 1991. Huchora kwa akriliki, na karibu kila mara huchora wanawake weusi juu ya kanvasi nyeupe pe, wakiwa wamevaa nguo ambazo nazo ni nyeupe. Rangi huenda kwenye ngozi na nywele tu: kahawia ya namna kadhaa, weusi, na mng'ao mdogo pale mwanga unapogusa paji la uso au mfupa wa bega. Kinachobaki hakiguswi.

Litazame bega moja. Kahawia inashuka kutoka shingoni, inaiva kuelekea kwenye kivuli cha kwapa, halafu inakoma. Hakuna mstari wa kalamu unaosema hapa ni kitambaa. Kinachosema ni ule ukingo wa ngozi: ukijipinda taratibu, jicho linaona mkono wa blauzi laini, ukinyooka, linaona mkanda wa sidiria au wa gauni la kiangazi, ukivunjika mara mbili tatu, linaona kitambaa kilichokunjamana. Mchoraji anashona nguo bila kuipaka rangi. Na hana pa kujificha, maana ukingo ukikosewa kidogo tu, mwanamke hana tena blauzi. Ana mkono uliokatwa. Wanaosema picha hizi ni rahisi kwa kuwa nusu ya kanvasi ni tupu, wajaribu kuchora kola moja kwa namna hiyo.

Njia aliyopitia inasimulika kwa kifupi. Shahada ya biashara kutoka Chuo Kikuu cha Kikatoliki cha Afrika Mashariki, Nairobi, mwaka 2013. Kisha benki. Mwaka 2018 akaacha kazi ili achore. (Familia nyingi za hapa mjini zingeitisha kikao cha dharura.) Shule ya sanaa hakupitia, alijifundisha mwenyewe. Afriart Gallery ya Kampala, iliyoanzishwa na Daudi Karungi, ikamchukua, na huko ndiko yalikofanyika maonesho yake ya kwanza ya peke yake, Just Disruptions, mwaka 2021. Mwaka uliofuata akaonesha (Un)Choreographed katika Africa Centre, London.

Akiulizwa kuhusu weupe, maelezo yake hayabadiliki sana. Anapenda kupunguza, abaki na kile tu ambacho hawezi kukiacha. Weupe kwake ni nafasi huru: humo mwanamke anaachana na yale aliyopangiwa na mila, na matarajio, na macho ya watu. Wanaochorwa si watu wa kubuni. Ni wanawake wa karibu naye, ndugu na marafiki, ambao huwapiga picha kwanza kabla ya kushika brashi. Kwa hiyo ukimya wote ule wa kanvasi umezunguka sura za watu anaowafahamu, watu ambao pengine walicheka katikati ya kupigwa picha.

Wakosoaji wa nje huuita weupe huo nafasi hasi. Kiswahili kina neno bora zaidi, na ni ajabu halitumiki: peupe. Peupe ni uwanda usio na miti, mahali ambapo hakuna cha kukuzuia wala cha kukukinga. Mtu husema jambo peupe, yaani bila kuficha. Lakini mtu huanikwa peupe pia, na hapo si sifa tena. Wanawake wa Mlengeya wamesimama peupe kwa maana ipi? Yeye anasema uhuru. Siku nyingine, ukiwatazama hawana kiti, hawana mlango, hawana hata kivuli chao chini ya miguu, unaona upweke.

Na kuna Serengeti, ambako sehemu ya utoto wake ilipita. Ingia duka lolote la vinyago hapa Arusha, utamkuta tembo, twiga na chui wa Tingatinga, mtindo ulioanzishwa Dar es Salaam na Edward Saidi Tingatinga mwishoni mwa miaka ya 1960, kabla ya kifo chake mwaka 1972. Kwenye ubao wa Tingatinga rangi hufika hadi pembeni. Pasipo na mnyama pana jani, pasipo na jani pana nukta. Watalii huzinunua picha hizo wakitoka mbugani. Binti aliyekulia kwa hao wanyama wenyewe hakuwachora. Alichora dada na marafiki, akaacha nukta zote.

Swali jingine ni gumu zaidi. Kampala wameziona kazi za Mlengeya, London wameziona. Msichana wa Sombetini anayesukwa kwenye kiti cha plastiki nje ya saluni ile atakutana nazo wapi, mbali na kioo cha simu? Na vumbi la hapa, ambalo halikubali shati jeupe lifike saa sita mchana, lingezifanya nini?

Jumamosi iliyofuata kopo la rangi nyekundu lilikuwa limepatikana. Fundi alikuwa juu ya ngazi, ameegemeza kiganja ukutani ili mkono usitetemeke, anaanza na kola. Brashi nyembamba ilikuwa inazunguka shingo taratibu, isije ikaigusa ngozi. Vifodi vya abiria vilipita, vumbi likapanda, akasimama kidogo mpaka litulie.