Fahamu: Mzigo ukizuiwa forodhani, hesabu siku

Kontena likizuiwa bandarini Mombasa au Dar es Salaam, wengi hukimbilia kumbembeleza ofisa. Hilo hupoteza muda, na muda ndio kila kitu hapa.

Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 inampa mwenye mzigo asiyeridhika na uamuzi siku 30 kumwandikia Kamishna, akieleza sababu, ili uamuzi upitiwe upya. Andika, usiishie kwenye simu, na utunze nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Kamishna naye ana siku 30 za kujibu. Akinyamaza hadi zipite, sheria inahesabu kwamba amekubali ombi lako. Kifungu hicho, cha 229, ni ngao ambayo kila mfanyabiashara mdogo angepaswa kuijua.

Ukikataliwa, una siku 45 za kukata rufaa: Kenya ni kwenye Baraza la Rufaa za Kodi, Tanzania ni Bodi ya Rufani za Kodi.

Kinachouma ni gharama za kuhifadhi mzigo. Zinaendelea kupanda kesi ikisikilizwa, na bidhaa zinazooza hazingoji hukumu.