Ndizi Zilizoiva Mno Zisitupwe

Chane ya ndizi iliyonunuliwa sokoni siku ya Jumatano, ifikapo Jumapili huwa imekwisha piga madoa meusi, na katika nyumba nyingi za mijini mwisho wake ni pipa la taka. Hapo, ndugu msomaji, fedha ya jasho lako hutupwa pamoja na maganda. Ndizi huzidi utamu kadiri inavyoiva, kwa kuwa wanga uliomo hugeuka sukari. Ikichovywa katika rojo la unga na kukaangwa, huwa kitamu cha baada ya chakula ambacho watoto watakidai tena Jumapili ijayo.

Iliyo bora ni mzuzu au mkono wa tembo, ambayo haivunjiki upesi katika mafuta. Kisukari nayo yafaa ikiwa bado ngumu kidogo. Ile iliyolainika kabisa ipondwe na kukorogwa ndani ya rojo lenyewe, kisha ichotwe kwa kijiko na kukaangwa.

Kwa watu sita, chukua mizuzu mitatu mbivu, uimenye na kuikata mshazari, vipande vya unene wa kidole. Chekecha kikombe kimoja cha chai cha unga wa ngano, utie chumvi kidogo, kijiko kimoja cha sukari na iliki iliyotwangwa. Piga yai moja pamoja na maziwa, nusu kikombe au kuzidi kidogo, umimine katika unga huku ukikoroga. Yai lisipopatikana, tui jepesi la nazi latosha. Usikoroge muda mrefu. Rojo lililopigwa sana huwa gumu mdomoni. Lizito wa kushikamana na mgongo wa kijiko ndilo lifaalo.

Sasa tuje kwenye mafuta, ambapo wengi hukosea. Yasizidi nusu ya karai. Dondosha tone la rojo: likizama na kukaa chini, mafuta hayajapata moto, na ndizi zitayanywa, likielea mara moja na kutoa mapovu, anza kazi. Kaanga vipande vichache vichache, kwa sababu vingi hupoza mafuta. Geuza mara moja, epua vikiwa rangi ya dhahabu, maana sukari ya ndizi huungua upesi. Vichuje mafuta juu ya karatasi safi isiyo na maandishi. Gazeti halifai, hata hili unalolisoma. Wino wake si chakula.

Watoto wasikaribie jiko, hasa la mkaa lililowekwa sakafuni. Mafuta yakishika moto, kamwe usimwagie maji, wala usilibebe karai kukimbilia nje. Lifunike kwa mfuniko na uliache hadi lipoe. Jambo hili na akina baba walijue, kwani hakuna sheria inayowazuia kushika upawa siku ya mapumziko.

Nanasi pia hukaangwa hivyo hivyo, ila kila kipande kikaushwe kwanza kwa kitambaa, kwa kuwa maji yake hurusha mafuta.

Andaa zikiwa moto, umezinyunyizia sukari na mdalasini, au maji ya ndimu kwa wasiopenda utamu mwingi. Rojo lisilo na ndizi likibaki, liongeze maji na ulipikie chapati za maji jioni hiyo hiyo.