Hadithi Inayojisimulia: Jaribio la Kuieleza Kihisabati

0. Utangulizi

Fanani akisimulia kisa, na ndani ya kisa hicho mhusika naye akaanza kusimulia chake, hadhira haipotei. Hutambua nani anasema, na ni lini mwenye hadithi amerudi. Lakini hadithi ikithubutu kujisimulia yenyewe, yaani kisa cha ndani kiwe ndicho kile kile cha nje, swali gumu huzuka: hadithi hiyo itakwisha lini? Makala haya yanapendekeza jibu la kihisabati kwa kutumia dhana mbili tu, kina na ufupisho. Nia si kuigeuza fasihi kuwa hesabu, bali kubainisha jambo moja: hadithi haiwezi kujibeba yenyewe isipokubali kuacha kitu nje.

1. Kina cha usimulizi

Maneno ya msimulizi wa kwanza yapewe kina cha 0. Kila msimulizi mpya anapoanza kusema ndani ya kisa, kina huongezeka kwa 1. Anapomaliza, hupungua kwa 1. Mfano bora ni Alfu Lela Ulela. Msimulizi asiye na jina anaeleza habari za Shahrazadi (kina 0). Shahrazadi anasimulia kisa cha mvuvi na jini (kina 1). Mvuvi anamsimulia jini habari za mfalme Yunani na tabibu Dubani (kina 2). Waziri wa mfalme huyo anamsimulia bwana wake kisa cha mwana wa mfalme na zimwi (kina 3). Kisha ngazi zinashukwa moja moja, kama mabano yanavyofungwa katika hesabu: lililofunguliwa mwisho hufungwa kwanza.

Kanuni za jadi za fasihi simulizi hufanya kazi hiyo hiyo. «Paukwa!» na «Pakawa!» hufungua bano, «Hadithi yangu imeishia hapo» hulifunga.

Izingatiwe pia kwamba katika kila kina msimulizi ana haja yake. Shahrazadi anaokoa maisha yake. Mvuvi anamkabili jini aliyetaka kumwua. Waziri anataka tabibu auawe. Kwa hiyo nambari ya kina haihesabu sauti tu, bali pia nia zilizopita katikati ya tukio na msikilizaji.

2. Hadithi inayojibeba

Mwaka 1899 mwanafalsafa wa Marekani, Josiah Royce, alitoa mfano wa ramani kamili ya Uingereza iliyochorwa juu ya ardhi ya Uingereza yenyewe. Kwa kuwa ramani hiyo ni sehemu ya nchi, haina budi kujionyesha. Ndani yake patakuwa na ramani ya ramani, na ndani ya hiyo nyingine tena, pasipo ukomo.

Hadithi nayo iko vivyo hivyo. Tuseme fanani anasimulia kwa dakika 60, na kuanzia dakika ya 27 hadi ya 33 mhusika wake anaisimulia hadithi yote kwa muhtasari, akiifupisha mara kumi. Ndani ya dakika hizo 6 muhtasari unajirudia kwa sekunde 36, kisha kwa sekunde 3.6, na kuendelea. Vina havina mwisho, lakini vyote vinaenea ndani ya saa moja.

Zaidi ya hayo, kuna dakika moja ambapo kinachosimuliwa na kitendo cha kusimulia hukutana. Dakika t ya hadithi hutajwa na muhtasari katika dakika 27 + t/10. Ili viwiane, sharti t = 27 + t/10, na jibu ni t = 30. Jibu hilo ni moja tu. Ndiyo kanuni aliyoithibitisha mwanahisabati wa Poland, Stefan Banach, mwaka 1922: jambo linalojinakili kwa kujipunguza huwa na nukta moja, na moja tu, isiyohama.

Sasa ufupisho uondolewe, mhusika aisimulie hadithi yote neno kwa neno. Mlinganyo unakuwa t = 27 + t, nao hauna jibu. Kila ifikapo dakika ya 27 hadithi huanza upya, bano hufunguliwa juu ya bano, wala hakuna linalofungwa. Cervantes aliukwepa mtego huo kwa njia nyingine: katika sehemu ya pili ya Don Quixote (1615) wahusika wamekwisha kuisoma sehemu ya kwanza (1605), ambayo tayari ilikuwa imefungwa.

3. Kutoka hadithi hadi mapokeo

Suala hili si mchezo wa wasomi tu. Katika De la tradition orale (1961), Jan Vansina, aliyefanya utafiti miongoni mwa Wakuba wa Kasai, alieleza mapokeo ya kihistoria kuwa mnyororo wa ushuhuda: huyu alisikia kwa yule, na yule kwa mwingine. Kwa lugha ya makala haya, mzee anayesema «baba aliniambia kwamba babu alimwambia» anatoa habari za kina cha 2. Anachoweza kukishuhudia yeye mwenyewe ni maneno ya baba yake, si tukio.

Nao ufupisho umo katika kila pete ya mnyororo. Usilaumiwe, kwa maana pasipo huo hakuna masimulizi yanayokwisha. Lakini kila aliyefupisha alichagua, na aliyechagua alikuwa na haja yake, kama waziri wa Yunani. Ukoo ulioshindwa, mke asiyetajwa, kijiji kilichohamishwa: mara nyingi hao ndio wanaobaki nje ya muhtasari.

4. Hitimisho

Mwanafunzi anayekusanya masimulizi hana budi kuandika mambo mawili kando ya kila kisa: kina chake, yaani sauti ngapi zimepita kabla ya kumfikia, na ufupisho wake, yaani kipi kimepunguzwa na kwa faida ya nani. La kwanza huhesabika. La pili linadai arudi kwa mzee na kuuliza tena, kisha aende kwa jirani ambaye mnyororo wake ni mwingine. Hadithi haiwezi kutaja yote iliyoyaacha; msikilizaji wa pili huenda akayajua.